Goti upande wa nje: wadogo zangu mnaoanza fildi, muanzie kidole gumba cha mguu

Wadogo zangu wa fizio mnaoanza fildi, karibuni sana. Leo nataka niongelee LCL, ile ligamenti ya nje ya goti, sababu chuoni huwa tunaipita haraka haraka, ACL (krusieti ya mbele, ligamenti ya katikati ya goti) na ile ya ndani ndo zinapewa muda, hii ya nje unakariri inapoanzia na inapoishia, unafaulu mtihani, basi.

Kwanza ishike kwa mkono wako. Kaa kitako, weka kifundo cha mguu wa kulia juu ya goti la kushoto, ule mkao wa mtu anayejitoa mwiba unyayoni, halafu tafuta kichwa cha fibula, kile kinundu kigumu cha nje chini kidogo ya goti. Toka hapo panda na kidole taratibu kuelekea pajani, utakutana na kitu kimekaza kama kamba ya kuanikia nguo. Ndo yenyewe. Inapanda mpaka kwenye nundu ya nje ya mfupa wa paja, kama sm 6 hivi, nyembamba kuliko penseli. Haijashikana na meniskasi, ile gegedu ya kati ya mifupa ya goti, kama mwenzake wa ndani, hapo katikati unapita mkano wa popliteusi, msuli mdogo wa nyuma ya goti, ndo maana unaihisi imesimama peke yake.

Kazi yake kubwa ni kuzuia goti lisitanuke upande wa matege. Ili ichanike, mara nyingi pigo linatakiwa litokee upande wa ndani wa goti, na huko mguu wa pili upo unakinga, kwahiyo hamtaiona mara nyingi kama ile ya ndani. Ila mkiiona imekatika jiulizeni hapo hapo, nguvu iliyoikata ilikuwa kubwa kiasi gani na imeondoka na nini kingine?

Nilipokuwa intani alikuja kijana beki wa timu ya mtaani, kagongwa goti kwenye ndondo siku tisa nyuma, nyumbani wameshamkanda na maji ya moto na kuna mzee kashamchua. Nikapima goti likiwa limekunjwa digrii 30, likafunguka kwa nje, nikaandika gredi ya pili, yaani imechanika kiasi, nikampa mazoezi na tarehe ya kurudi. Anatoka, kandambili ya mguu ule ikabaki mlangoni. Karudi kaivaa, hatua mbili ikavuka tena, akasema hii ndala tangu niumie haikai dokta. Mi nikajua ndala imelegea. Sinia wangu alikuwa anaandika pembeni, akanyanyua kichwa akasema mwambie anyanyue kidole gumba cha mguu.

Hakikunyanyuka hata kidogo.

Neva ya peronea, ile inayoamuru misuli ya kunyanyua unyayo na kidole gumba, inazunguka shingo ya fibula, hapo hapo chini ya ligamenti inaposhikia, goti likitanuka kwa nje na yenyewe inavutwa. Tukapima tena mguu ukiwa umenyooka kabisa, goti likafunguka pia, na hiyo maana yake sio LCL peke yake, kona yote ya nyuma kwa nje imeenda na pengine krusieti nayo. MRI ikaonyesha hivyo hivyo. Hizi kazi daktari wa mifupa anazitaka ndani ya wiki mbili tatu za mwanzo, yule kafika tieta wiki ya tano, na mpaka naondoka pale alikuwa anatembea na splinti ya kunyanyulia unyayo. Bado huwa namfikiria.

Kwahiyo nawaomba, anzeni chini. Anyanyue kidole gumba, anyanyue unyayo, mguse juu ya mguu umuulize anahisi sawa na mwingine, shika na mapigo ya damu mguuni, sababu goti linaweza kuwa lilichomoka kabisa likarudi lenyewe na ateri ya nyuma ikaumia bila wewe kujua. Ndo uje gotini, mguu usioumia kwanza, digrii 30 halafu sifuri, yaani umenyooka. Likifunguka 30 tu una nafuu, bresi na mazoezi ya kwadi, misuli ya mbele ya paja, vinatosha kwa wengi. Likifunguka na sifuri, rufaa iandikwe siku hiyo hiyo, sio kliniki ijayo. Eksirei ikionyesha kipande kidogo kimebanduka kichwa cha fibula msikidharau, ligamenti imeondoka na mfupa wake. Aliyeshonwa hiyo kona msimkimbize kukunja goti kwa uzito, maana bisepsi ya paja, msuli wa nyuma ya paja, inavuta fibula pale pale paliposhonwa.

Mkimbiaji anayelalamika nje ya goti bila kugongwa wala kuteleza ni habari nyingine, huyo muangalie ule ukanda mrefu wa pembeni ya paja.

Na bandeji msikaze pale shingoni mwa fibula. Kwenye faili andika saa uliyopima kidole gumba na kilinyanyuka kiasi gani, ili atakayempokea jioni ajue kama kimebadilika.