Mzee aliyeanza televisheni baada ya kustaafu

Mliuliza wiki hii: ni mwigizaji gani wa televisheni ya zamani ambaye hakupewa heshima aliyostahili? Mimi namtaja Burt Mustin, Mmarekani aliyezaliwa Pittsburgh mwaka 1884. Jina lake halikuvuma, ila aliyetazama vichekesho vya familia vya miaka ya 1950 na 1960 atakuwa ameiona sura yake: mrefu, mwembamba, mwenye upara.

Kwa miaka mingi Mustin aliuza magari. Alipostaafu alihamia Arizona, na huko mwongozaji William Wyler akamwona jukwaani. Mwaka 1951 akampa nafasi ya mfagiaji katika filamu ya Detective Story. Alikuwa na miaka 67, na hapo ndipo kazi yake ilipoanza.

Namkumbuka zaidi kwa Gus, mzimamoto mzee wa kichekesho cha familia cha Leave It to Beaver. Mtoto Beaver humkimbilia akiwa na neno linalomsumbua. Mchezo huo ulitoa vipindi 39 kila msimu, na kwa kasi hiyo hapakuwa na muda wa kumweleza mtazamaji Gus ni nani, ametoka wapi. Mustin alitakiwa aingie, aketi, na tumwamini papo hapo. Tulimwamini! Hakutetemesha mikono, hakukohoakohoa ili tujue kwamba ni mzee. Alimsikiliza mtoto, basi. Mtu aliyewasikiliza wateja maisha yake yote anajua kusikiliza, na kamera haikosi kuliona hilo.

Aliendelea hivyo, nafasi ndogo baada ya nafasi ndogo, mpaka mwaka 1976 alipoigiza bwana harusi mzee katika kichekesho cha televisheni cha Phyllis. Alifariki Januari 1977, akiwa na miaka 92.

Nalisema hili nikiwa Lubumbashi, Kongo, mji ambao kundi la maigizo la Mufwankolo liliuzoesha kusikia Kiswahili chake chenyewe redioni na kwenye televisheni. Michezo ya vijana wetu leo inanifurahisha, lakini wakihitaji babu wanampaka kijana unga kichwani, wanamshikisha fimbo, anapinda mgongo. Watu wanacheka, na yule babu hatuambii kitu. Wakati huohuo, Katuba na Kenya, mitaa ya mji wetu huu, imejaa wazee waliofanya kazi migodini, relini, sokoni. Wanajua mtu anavyonyamaza akidharauliwa na mwanawe, na anavyoipokea habari ya msiba mbele ya wageni. Hilo huwezi kumfundisha kijana kwa mazoezi ya wiki mbili.

Jirani yangu, fundi wa reli wa zamani, akisimulia ugomvi wa kazini anatoa sauti ya mkubwa, ya karani na ya mfanyakazi, na kila mmoja unamwona. Vijana wa maigizo wanapita mlangoni kwake kila jioni wakienda mazoezini. Waingie, wamwombe. Atakubali, namjua.