Maswali na Majibu: Enda Walsh, Mwandishi wa Jukwaa na Sinema

Wasomaji kadhaa waliotazama filamu ya Small Things Like These, iliyotoka mwaka 2024, wameniandikia wakitaka kujua habari za Enda Walsh wa Ireland, aliyeandika mswada wake. Nayajibu maswali yao kwa mpangilio wa miaka.

Swali: Alianzia wapi?

Jibu: Alizaliwa Dublin mwaka 1967, akakulia Kilbarrack, upande wa kaskazini wa jiji hilo. Miongoni mwa walimu wake wa sekondari walikuwa Roddy Doyle, ambaye baadaye alipata umaarufu mkubwa kwa riwaya zake, na Paul Mercier, mwandishi wa tamthilia. Hata hivyo, jina lake halikuvuma kwanza Dublin. Alihamia Cork, jiji la kusini, akafanya kazi na kikundi cha maigizo cha Corcadorca, na huko ndiko ilikozaliwa Disco Pigs mwaka 1996.

Swali: Kwa nini tamthilia hiyo inatajwa kila anapozungumziwa?

Jibu: Kwa sababu ya lugha yake. Wahusika ni kijana wa kiume na wa kike waliozaliwa siku moja katika hospitali moja, wakakua wameshikamana kiasi cha kujibunia usemi wao wenyewe: lafudhi nzito ya Cork iliyochanganywa na maneno ya kitoto na milio ya wanyama. Jukwaani walikuwa waigizaji wawili tu, na hao wawili ndio walioliumba jiji zima, baa zake, teksi zake na ugomvi wake, kwa vinywa na miili yao. Mmoja wao alikuwa Cillian Murphy, wakati huo mwenye umri wa miaka 20 na asiye na uzoefu wa uigizaji wa kulipwa. Mwenzake alikuwa Eileen Walsh.

Mwaka 2001 ilitengenezwa filamu, iliyoongozwa na Kirsten Sheridan kwa mswada wa Walsh mwenyewe. Naiheshimu filamu hiyo, lakini naamini kuna kitu kilichopotea, kwa kuwa kamera inatuonyesha barabara na baa ambazo ukumbini mtazamaji alilazimika kujijengea akilini, na kule kujijengea ndiko kulikomfunga pamoja na vijana wale.

Swali: Ni kweli kwamba aliandika filamu kuhusu wafungwa waliogoma kula?

Jibu: Ni kweli. Hunger, ya mwaka 2008, aliiandika pamoja na mwongozaji wake, Steve McQueen. Inahusu mgomo wa mwaka 1981 katika gereza la Maze huko Ireland ya Kaskazini, ambako wafungwa wa upande wa Republican, yaani waliotaka Ireland ya Kaskazini itoke chini ya utawala wa Uingereza na kuungana na Ireland, walidai watambuliwe kuwa ni wafungwa wa kisiasa. Wafungwa kumi walikufa. Wa kwanza alikuwa Bobby Sands, aliyefariki tarehe 5 Mei 1981 akiwa na umri wa miaka 27, baada ya siku 66 bila chakula.

Sehemu kubwa ya filamu hiyo haina maneno mengi. Tunaona vifundo vya vidole vya askari wa magereza vikiwa na vidonda, kuta zilizopakwa uchafu, theluji uani. Kisha, katikati, Sands na padri wanakaa mezani, wanavuta sigara, wanaanza kwa mzaha, na taratibu wanafika kwenye suala lenyewe: je, mtu ana haki ya kuutoa uhai wake kwa namna hii? Mazungumzo hayo yanazidi dakika 20, na kwa muda mrefu kamera haisogei hata kidogo. Hapo ndipo ninapomwona mtu wa jukwaani akifanya kazi yake. Aliyezoea kuwafungia watu wawili ndani ya chumba hana wasiwasi kwamba mtazamaji atachoka, mradi kila sentensi ina uzito wake.

Swali: Mbona jina lake lipo pia kwenye maigizo ya muziki?

Jibu: Aliandika maandishi ya jukwaani ya Once, yaliyompatia Tony, tuzo kubwa ya maigizo ya Marekani, mwaka 2012. Kisha akashirikiana na David Bowie kuandika Lazarus, iliyofunguliwa New York mwezi Desemba 2015, mwezi mmoja tu kabla ya kifo cha mwanamuziki huyo.

Swali: Tamthilia zake zimejaa maneno, iweje Small Things Like These iwe kimya hivyo?

Jibu: Chanzo chake ni riwaya fupi ya Claire Keegan, na mhusika mkuu, Bill Furlong, ni muuza makaa ya mawe asiyesema sana. Ni mwaka 1985, Krismasi inakaribia, naye anagundua namna wasichana wanavyotendewa katika nyumba ya watawa ambako wanafanyishwa kazi ya kufua nguo. Nyumba za aina hiyo zilikuwapo kweli Ireland. Ya mwisho ilifungwa mwaka 1996. Walsh hakumtungia Furlong hotuba. Kila akirudi nyumbani anasugua mikono kwa brashi mpaka weusi wa makaa utoke, na kadiri anavyozidi kuyajua mambo ya kule kwa watawa, ndivyo kule kusugua kunavyozidi kuwa kugumu kutazama.

Furlong ameigizwa na Cillian Murphy. Mkewe, anayemsihi asijiingize katika mambo ya watawa, ameigizwa na Eileen Walsh, yule yule aliyesimama naye jukwaani Cork mwaka 1996.