Kulwa na Doto walipopunga mikono

Wanangu ni pacha, Kulwa na Doto, na kwa majina hayo Msukuma yeyote ameshajua nani alitangulia. Walipofika miezi saba wote wawili walikuwa wakipunga mikono. Nikiingia na kikombe cha uji, vigasha vinne viko hewani, kama mnandi wanaoanika mabawa kwenye mawe ya ziwani. Tulicheka tu, na tulikuwa na haki ya kucheka. Mtoto wa umri huo hana maneno na viungo vyake ndiyo kwanza vinajifunza kazi. Furaha ikimjaa humtokea mikononi na miguuni. Mtafiti wa Marekani, Esther Thelen, aliwafuatilia majumbani mwao watoto 20 wenye afya katika mwaka wao wa kwanza, na mwaka 1979 akaandika kuwa kupungapunga na kurusha mateke vile ni sehemu ya ukuaji.

Tofauti ya Kulwa, ambaye ana usonji (kwa Kiingereza autism, hali ya ukuaji wa ubongo inayogusa mawasiliano), ilikuja baadaye, wala haikuanzia mikononi. Hapo ndipo nilipopotea mimi, maana nilikodolea macho mikono tu.

Walipotimiza mwaka na miezi kadhaa, feri ya Kamanga hapa Mwanza ikipiga honi, Doto alinyoosha kidole, akanigeukia usoni, kisha akarudi kuitazama, kana kwamba ananiuliza, "Mama, umeiona?" Kulwa alipunga kwa nguvu kumshinda mwenzake, lakini hakunigeukia hata mara moja. Furaha ilikuwa yake peke yake. Nikimwita jina, kimya. Sufuria ikidondoka kwa jirani, anaruka. Kliniki niliambiwa watoto wa kiume huchelewa, nisubiri. Nikasubiri mpaka akafika miaka mitatu. Wewe usisubiri: mtoto wa mwaka mmoja na nusu asiyeonyesha kitu kwa kidole, asiyeitika jina lake, au aliyekuwa na maneno mawili matatu kisha yakapotea, mpeleke akachunguzwe, na masikio yapimwe pia, hata kama unaamini anasikia.

Mama mkwe wangu, ambaye nampenda, aliniambia, "Mama Kulwa, mshike hiyo mikono, watu wanatuangalia." Nikamtii. Siku hiyo tulikuwa soko la Mwaloni, Kirumba, kununua dagaa: makuli wanapiga kelele, harufu imejaa, jua la saa saba. Nilimfunga mgongoni kwa kanga, mikono ikiwa ndani. Alinigonga mgongoni kwa paji la uso mpaka tunafika nyumbani Mabatini. Nikaita ukaidi. Kumbe mikono ndiyo iliyokuwa ikimtuliza, nami nikamnyang'anya, naye akatafuta kingine kibaya zaidi. Mtoto mwenye usonji akipunga bila kujiumiza, mwache apunge. Akijing'ata au kujigonga, hapo ingilia, lakini ondoa kwanza kinachomsumbua.

Utakijuaje? Mimi nina genge, na daftari la madeni liko mkononi kutwa. Kurasa za nyuma nikaanza kuandika: saa ngapi, nini kilitangulia, mikono ilikaaje, nini kilifuata. Wiki mbili zilitosha. Mikono mabegani huku anarukaruka, amefurahi. Vidole vinavyochezeshwa karibu na macho, kuna kelele na anatafuta kona. Mvua ikipiga bati (jina la mtaa wetu linajieleza), hufanya hivyo vidole muda mrefu kabla hajaanza kulia. Mwanao atakuwa na yake. Usichukue ya Kulwa ukamvalisha.

Mrekodi pia kwa simu, dakika moja inatosha, kwa sababu ukifika kwa daktari mtoto atakaa kimya kama maji ya mtungi. Usonji haupimwi kwa damu. Daktari huangalia mtoto na kukuuliza historia, hivyo video na daftari ni ushahidi wako. Na kupunga mikono peke yake hakumfanyi mtoto kuwa na usonji.

Kuna mambo ambayo si ya kuandika daftarini wiki mbili. Mwite, mguse, umshike mkono taratibu. Mkono ukiendelea kushtuka chini ya kiganja chako, macho yameganda, hakusikii, hiyo inaweza kuwa degedege, na huku kwetu kwenye malaria usipoteze muda. Kitoto cha miezi michache kinachojikunja ghafla na kurusha mikono, kikaachia, kikarudia tena na tena, hasa kikiamka usingizini, kipeleke hospitali siku hiyohiyo hata kama hakina homa. Na binti aliyekuwa akishika kijiko vizuri, kisha akaacha kukishika, akawa anasuguasugua mikono kama ananawa, naye aonwe na daktari mapema.

Kulwa sasa ana miaka sita. Juzi nimetoka kufuata mzigo, nikamkuta mama mkwe amekaa naye barazani. Nikaamkia, nikauliza wameshindaje.

"Salama. Alianza vile vidole vyake, nikapunguza redio."

"Akaacha?"

"Akaacha. Ila taarifa ya habari sikuisikia."