Paka mgeni, paka mwenyeji

SWALI: Shikamoo, Bi. Daktari. Dada yangu amehamia Muscat, akaniachia paka wake Kito, dume la miaka miwili. Mimi nina Shani, jike la miaka saba, ambaye hajawahi kuishi na paka mwenzake. Juzi nilimfungulia Kito sebuleni ili wajuane. Shani alimrukia, wakararuana, nami nikaumwa mkono nikiwaamua. Tangu hapo Kito yuko chini ya kitanda, chakula hagusi. Nifanyeje?
Mama wa Mji wa Kale, Mombasa

JIBU: Marahaba, mwanangu. Kwanza mkono wako. Uoshe sasa hivi kwa sabuni na maji yanayotiririka, dakika 15 nzima, kisha uende hospitali leo. Jino la paka huacha tundu dogo, lakini uchafu huuzamisha ndani. Uwaeleze pia kama paka hao wamechanjwa. Kichaa cha mbwa huwapata paka vilevile.

Pili, Kito. Paka asiyekula siku mbili ini lake huwa hatarini, hasa akiwa mnene. Mpashie samaki moto kidogo anukie, mwekee hapo hapo alipo, umwondokee. Tangu juzi hajala, kwa hiyo akikataa hicho nacho, mpeleke leo hii kwa daktari wa mifugo. Kama hajahasiwa, mpangie ahasiwe akishapata nguvu, kwa sababu dume asiyehasiwa hugombana zaidi.

Sasa kujuana. Sisi mgeni tunampokea barazani, tukaamkiana uso kwa uso. Paka hujuana kwa pua kwanza. Kito akae chumba chake, mlango umefungwa, na maji, chakula na sanduku lake la mchanga. Chukua kipande cha leso kuukuu, mpanguse mashavuni, maana hapo ndipo harufu yake ilipo, ukiweke karibu na sahani ya Shani. Cha Shani mpelekee Kito. Shani akifoka, kisogeze mbali kidogo. Akinusa akaendelea kula, anza kuwalisha huku na huku ya mlango uliofungwa, halafu wabadilishane vyumba, halafu mlango uwe wazi upana wa vidole viwili. Kuonana kabisa kuje mwisho, dakika chache, wakila.

Inaweza kuchukua wiki mbili, hata miezi. Nilipokuwa msichana nilileta paka kutoka Lamu, nikamtua mbele ya paka wa mama. Yule wa mama alihamia kwa jirani siku tisa, na aliporudi hakukanyaga tena jikoni, pale nilipomtua mgeni. Bado naumia nikikumbuka.

Ukiona masikio yamelala, mkia umevimba, wanakodoleana macho, pitisha mto au kadibodi kati yao. Mkono usipeleke tena. Wala usimpige Shani, atajifunza kwamba Kito akitokea yeye hupigwa. Kama amezoea kulala miguuni pako, aendelee kulala hapo hapo.

Niandikie Kito akishakula.