Maswali ya wasomaji: Mwezi hewa wa Zuhura

SWALI: Mhariri habari za kazi. Nina kitabu cha zamani cha mambo ya anga, kina mstari mmoja unasema Zuhura "ilidhaniwa kuwa na mwezi uitwao Neith", halafu kinaendelea na mambo mengine kana kwamba hakijasema kitu. Kwingine kote nasoma Zuhura haina mwezi. Sasa huo mwezi ulipasuka, ulianguka, au walitupiga fiksi?
Msomaji wenu wa siku nyingi

JIBU: Kazi njema ndugu, na swali lako tamu. Haukupasuka wala haukuanguka, haukuwahi kuwepo. Ila usikimbilie kusema walidanganya maana waliouona hawakuwa watu wa mchezo. Giovanni Cassini, yule yule aliyegundua miezi minne ya Zohali, mwaka 1672 aliona kitu kidogo pembeni ya Zuhura akakaa kimya, akakiona tena 1686 ndipo akaongea. Mwaka 1740 James Short, fundi wa darubini aliyesifika kweli kweli Uingereza, naye akakiona, akaweka lenzi yenye kukuza zaidi na bado kipo, halafu basi, hakukiona tena. Ikaja 1761, Montaigne wa Limoges kule Ufaransa akakiona siku kadhaa, watu wakachachamaa, baadaye mwanahisabati Johann Lambert akapiga mahesabu mpaka akatoa muda wa mwezi huo kuizunguka Zuhura, siku kama 11 hivi. Mfalme Frederick wa Prussia akataka uitwe kwa jina la rafiki yake mwanahisabati d'Alembert, na d'Alembert akakataa kwa heshima zote. Namsifu sana kwa hilo, fikiria leo jina lako limebandikwa kwenye mwezi hewa.

Kilichotia shaka ni kwamba mwaka huo huo wa 1761, mwezi Juni, Zuhura ilikatiza mbele ya jua na watu walikuwa wameikodolea macho sehemu nyingi za dunia, na karibu wote waliona doa moja jeusi tu. Mwezi ungekuwepo si nao ungeonekana pale juani?

Aliyekuja na jibu zuri, kwa maoni yangu, ni padri Maximilian Hell, mkuu wa kituo cha kutazamia anga cha Vienna, mwaka 1766. Iko hivi: Zuhura inang'aa kupita kiasi, mwanga wake unapita kwenye darubini unafika kwenye jicho lako, sasa jicho ni bichi na linateleza kwa hiyo sehemu ndogo ya ule mwanga inadunda, inarudi kwenye lenzi uliyosogezea jicho, inadunda tena pale na kurudi jichoni, na wewe unaona Zuhura mbili, kubwa ya kweli na kadogo kafifu pembeni. Na hapa ndipo penye utamu. Cassini na Short wote walisema kale kadude kalikuwa na umbo lile lile la Zuhura, kama Zuhura ni hilali nako ni hilali. Hiyo ilionekana ushahidi mkubwa kwamba ni mwezi, maana mwezi unaomulikwa na jua lile lile lazima uwe na umbo hilo, kumbe hata picha ya kudunda ni lazima iwe hivyo hivyo! Dawa yake ni kusogeza jicho kidogo huku na huku, kikihama ujue ni cha jichoni.

Jina Neith lilikuja mwezi wenyewe ukiwa umeshakufa. Mwaka 1884 Jean-Charles Houzeau, aliyekuwa mkuu wa kituo cha Brussels, alisema labda si mwezi bali ni kisayari kinacholizunguka jua kwa siku 283 na kukutana na Zuhura kila baada ya siku 1080, akakipa jina la mungu wa kike wa Misri ya kale ambaye inasimuliwa hakuna binadamu aliyewahi kuifunua shela yake. Jina limekaa mahali pake kabisa. Miaka 3 baadaye Mbelgiji mwenzake Paul Stroobant akachambua taarifa zote moja moja na kukuta nyingi ni nyota za kawaida zilizokuwa jirani na Zuhura usiku ule. Kisayari kikaishia hapo.

Kamebaki kamfupa kamoja tu, mwaka 1892 Edward Barnard, mtu mwenye macho makali ajabu, aliona kanyota karibu na Zuhura mahali ambapo ramani hazina nyota, na mpaka leo hakajapatiwa maelezo ya uhakika.

SWALI: Mambo mhariri! App ya nyota imeniambia "mwezi mweusi Lilith" uko kwenye Nge yangu ndio maana mahusiano yananishinda. Huo mwezi upo kweli?
Dada wa Nge

JIBU: Dada yangu, pole kwa mahusiano, ila Lilith muache. Mwaka 1898 Georg Waltemath wa Hamburg alitangaza kwamba dunia ina mwezi wa pili wenye upana wa kilomita 700, uko mbali kilomita milioni moja na kidogo, na akataja mpaka siku za Februari ambazo ungepita mbele ya jua. Siku zikafika, waliokuwa wanalitazama jua kwa darubini wakaona madoa yake ya kawaida. Mjadala ungeishia hapo lakini mwaka 1918 mnajimu aliyejiita Sepharial akauokota, akauita Lilith, jina la jini la kike la hadithi za Kiyahudi, na akasema ni mweusi ndio maana hauonekani. Ujanja mtupu. Sayari kibete Ceres ina upana wa kilomita 900 na ushee, iko mbali mamilioni kwa mamilioni ya kilomita na bado ilionekana 1801, sasa kitu cha kilomita 700 hapa jirani kitajifichaje? Na kwa umbali ule jua lingeshaunyang'anya dunia zamani. Lilith ya app yako siku hizi hata si jiwe, mara nyingi wanamaanisha ile sehemu ya njia ya mwezi wetu wa kawaida iliyo mbali zaidi na dunia, yaani ni nukta tu ya kwenye hesabu.

SWALI: Kwa hiyo Zuhura haina hata kakijiwe?

JIBU: Kanako kanakoifuata fuata. Kaligunduliwa 2002, upana wake ni mita 200 na kitu, kanalizunguka jua kwa muda ule ule wa Zuhura ndio maana ukiwa Zuhura utaona kama kanakuzunguka. Kaliitwa 2002 VE68, halafu mchoraji mmoja wa bango la watoto akasoma vibaya maandishi yake mwenyewe akaandika ZOOZVE kama vile ni mwezi, mtangazaji wa redio wa Marekani Latif Nasser akaliona kwenye bango la mwanawe, akafuatilia wee mpaka 2024 jina hilo likapitishwa rasmi. Kwa hiyo sasa ni Zoozve, na usihangaike kukatafuta kwa darubini ya mkononi, hakaonekani.