Mwenye kigugumizi hahitaji umalizie neno lake

Watu wakikutana na mwenye kigugumizi wanamwambia "tulia, ongea taratibu", kwa nia nzuri tu, ila mi ninacho tangu utotoni na hiyo haijawahi kunisaidia. Neno nalijua, linagoma kutoka.

Kuna kurudia, ka-ka-kaka, kuna kuvuta, sssssato, alafu kuna kukwama kabisa, mdomo umeshakaa tayari ila sauti hamna, na hii ndo inatutesa, kwenye simu mtu anasema "haloo, haloo, mtandao huo" anakata. Nauza dagaa soko la Mwaloni Kirumba, Mwanza, mteja akiuliza bei ya sado nikakwama kidogo tu anaanza kunibahatishia, "elfu nane? elfu saba?", anashuka nayo tu wala hapandi, yaani nikichoka nikaitikia kwa kichwa nimekula hasara! Subiri bwana, niangalie kawaida, ntamaliza. Kwenye daladala nikiona Buzuruga haitoki nasema "hapo mbele", lakini jina langu nilibadilishe na nini?

Wazazi sasa. Mtoto hapati kigugumizi kwa kutekenywa wala kwa uoga, uoga unakiongezea tu. Ni namna ubongo unavyoendesha usemi, na mara nyingi kinatembea kwenye ukoo, kwetu babu alikuwa nacho. Kinaanza sanasana kati ya miaka 2 na 5, na wengi, kama 3 kati ya 4, kinaisha chenyewe, ukubwani tunabaki kama mtu 1 kwa 100, wanaume ndo wengi. Kwahiyo usipaniki, ila kikipita miezi 6, au mtoto ameanza kukwepa kuongea, nenda hospitali kubwa uulizie mtaalamu wa tiba ya usemi, usingoje akue. Mtu mzima ambaye hakuwa nacho kikimwanza ghafla muwahisheni siku hiyohiyo, inaweza kuwa stroku, yaani kiharusi.

Na yule anayeongea mbio mpaka maneno yanamezana, hiyo ni shida nyingine, mara nyingi mwenyewe hata hajijui, huyo kumwambia apunguze spidi kidogo kunasaidia kweli.

Walimu, kwenye kusoma kwa sauti msimruke mtoto wala msimlazimishe, muulizeni pembeni kama angependa kusoma na mwenzake, maana tukisoma wawili kwa pamoja au tukiimba mara nyingi kinapotea kabisa, mi pale kwaya wapo wasiojua mpaka leo kama nina kigugumizi.