Kwa nini Jimbo Kuu la Nairobi lilirudisha fedha za Rais

Je, Kanisa Katoliki Nairobi lilirudisha fedha za Rais Ruto kwa sababu ni za wizi? Hapana, tamko la jimbo kuu hilo la Novemba 18, 2024 halikusema popote kwamba fedha zile ni za wizi. Askofu Mkuu wa Nairobi, Philip Anyolo, alitaja sababu nyingine: Kanisa lilindwe lisitumiwe kisiasa, na michango ya wanasiasa ya hadharani isiligharimu uhuru wake. Siku moja kabla, Rais Ruto alikuwa ametoa shilingi milioni 2 za nyumba ya padri na 600,000 za kwaya na kundi jingine la parokia ya Soweto, Nairobi. Zote zikaamriwa zirudishwe, pamoja na 200,000 za Gavana wa Nairobi, Sakaja. Ahadi ya milioni 3 zaidi nayo ikakataliwa.

Nililisoma tamko lenyewe wiki ile, na kwangu hoja hiyo ni nzito kuliko ya wizi. Hata pesa safi humfunga mdomo padri anayepaswa kuwatetea waumini wake dhidi ya ushuru na ahadi hewa.

Ila tusipitilize: mwanasiasa hajakatazwa kuja Misa na kutoa sadaka kama muumini mwingine. Na agizo lilikuwa la Jimbo Kuu la Nairobi, si la makanisa yote ya Kenya.